UZI: Captain Tsubasa, mtoto wa Kijapani aliyelelewa kwa majina ya watu wengine

Kipa wa Akiba (mwanzisha uzi)

Wakuu salaam.

Kila zikitajwa katuni za Kijapani humu jukwaani, mjadala unaishia kwenye Naruto na Dragon Ball, halafu wenye umri wao wanaondoka wakisema hayo ni mambo ya watoto. Leo namleta mmoja ambaye mashabiki wengi wa mpira wamekutana naye bila kulijua jina lake halali. Anaitwa Ozora Tsubasa. Wahispania wanamjua kama Oliver. Waitaliano wanamwita Holly, Wafaransa Olive, na Waarabu Kapteni Majid. Mtoto ni yuleyule, na mpira miguuni ni uleule.

Hoja yangu ni hii: burudani ya Japani iliingia sebuleni kwa watu kwa sababu ilikubali jina lake libaki nje mlangoni. Mengine yote yanayosemwa siku hizi kuhusu "nguvu ya utamaduni wa Japani" yamekuja baadaye, na serikali yao ilikuwa ya mwisho kushtuka.

Tuanze na mwenye kalamu. Yoichi Takahashi alizaliwa 1960 katika wilaya ya Katsushika, Tokyo. Mwaka 1978, akiwa bado mwanafunzi, alikaa mbele ya televisheni akatazama Kombe la Dunia la Argentina, na akili ikahama. Mkumbuke Japani ya wakati ule ilikuwa nchi ya besiboli. Vibonzo vya michezo navyo vilikuwa vya besiboli, tena vya jasho na machozi. Kile maarufu kuliko vyote, Kyojin no Hoshi, kilichoanza 1966, kina baba anayemvalisha mwanawe mkanda wa springi mwilini ili misuli ikomae. Mateso mwanzo mwisho. (Kisa hicho mwaka 2012 kilitengenezwa upya India, besiboli ikageuzwa kriketi. Mateso yakabaki palepale.)

Takahashi akachora kinyume chake. Mtoto wake anacheza kwa sababu anaupenda mpira, basi. Hana baba anayemchapa, hana kisasi cha ukoo. Ana kocha mlevi wa Kibrazili, Roberto, anayemfundisha kupiga tikitaka, na ana ndoto ya kwenda Brazili. Hadithi ilianza mwaka 1981 katika jarida la Weekly Shonen Jump.

Hapo kwenye Jump nataka tukae kidogo, maana bila kulielewa jarida hilo huwezi kuielewa katuni yenyewe. Lilianza 1968, linatoka kila wiki, na ndani yake lina kadi ya posta. Msomaji anaandika hadithi alizozipenda wiki hiyo, anatuma. Wahariri wanahesabu. Hadithi ikikaa mkiani wiki kadhaa inakatwa, hata kama mchoraji ni fundi kiasi gani. Katikati ya miaka ya 1990 jarida hilo liliuza zaidi ya nakala milioni 6 kwa wiki moja. Sasa fikiria wewe ni mchoraji, una kurasa chache, na mtoto wa darasa la tano ndiye hakimu wako. Utafanya nini? Utahakikisha kila sura inakatika mguu ukiwa hewani na mpira haujaguswa.

Halafu ikaja televisheni, 1983 hadi 1986, episodi 128. Huko kuna sababu nyingine iliyoongeza kusubiri. Tangu mchora vibonzo Osamu Tezuka aliporusha katuni yake ya Tetsuwan Atomu (Astro Boy), Januari 1963, katuni za televisheni za Japani zilizoea kutengenezwa kwa bei ya kutupa: michoro michache, uso unasimama, mandhari nyuma ndiyo inayokimbia. Ndiyo maana Tsubasa anakokota mpira, anakumbuka utoto wake, anaongea na kipa moyoni, anamkumbuka Roberto, na bado hajafika kwenye kumi na nane. Uwanja wenyewe unapinda kama upeo wa bahari, mrefu kuliko barabara ya Chalinze kwenda Segera. Watu wanaucheka, lakini ufinyu wa bajeti na ile kadi ya posta ndivyo vilivyozaa mtindo ambao leo ukiuona sekunde mbili tu unasema "hii ni anime".

Sasa ilivyotoka nje. Italia, hukumu ya Mahakama ya Katiba ya 1976 ilifungua mlango kwa vituo binafsi vya televisheni. Vituo vingi, vipindi hakuna. Ufaransa, mwaka 1978, katuni ya roboti Goldorak iliwateka watoto wa nchi nzima. Hispania vituo binafsi vilianza 1990. Wote walihitaji kitu kirefu na rahisi cha kujaza saa za watoto, na Wajapani walikuwa nacho ghalani, kimesharudisha gharama nyumbani kwa matangazo na vinyago. Mnunuzi akinunua anafanya atakavyo: anabadilisha majina, anaweka wimbo wake, anakata asichokipenda. Hakuna aliyelalamika Tokyo.

Matokeo yake mmeyasikia. Fernando Torres amesema wazi kwamba katuni hiyo ndiyo iliyomtia hamu ya mpira. Mtoto wa Madrid, akimtazama "Oliver", na alikuja kumalizia soka lake Japani, klabu ya Sagan Tosu, 2019.

Nitaendelea. Karibuni.

---

Nyavu Ndogo

Nimekaa siti ya mbele. Mkuu, usituache njiani kama ilivyo kawaida ya nyuzi za humu.

---

Mwana wa Maskati

Kapteni Majid! Wallahi umenirudisha mbali. Mie nimezaliwa Maskati, wazee wangu wa Unguja. Nyumbani Kiswahili, skuli Kiarabu, na Kiarabu changu cha fasaha nusu nimekipata kwa Majid. Nasema kweli. Wale hawakutia sauti kwa Kiarabu cha mtaani cha nchi moja, walitumia kile cha kitabuni, ili mtoto wa Moroko na wa Omani na wa Iraki wote wafahamu. Tukicheza mpira utotoni sie ungetusikia tunatangaza kama wasoma habari.

Kipa Wakabayashi kwetu ni Walid. Hyuga, mshambuliaji mpinzani wake, ni Bassam. Misaki, mwenzake wa timu, ni Yasin. Kilipoanza kituo cha Spacetoon, mwaka 2000, ndio basi tena, kila nyumba katuni za Kijapani kwa Kiarabu. Na sikuwahi kujiuliza hawa watoto wa nchi gani. Majid, Walid, Yasin, watakuwa wa wapi tena? Majirani.

---

Kipa wa Akiba

Ahsante sana ndugu yangu wa Maskati, umenifungulia njia ya pale nilipotaka kufika.

Mwaka 2004 Japani ilipeleka wanajeshi wake Samawah, kusini mwa Iraki, kwa kazi za ujenzi na maji. Lilikuwa jambo zito kwao, maana katiba yao inakataa vita. Pamoja nao yakaja magari ya kusambaza maji yaliyotolewa kwa msaada wa Japani. Ubavuni mwa magari yale wakabandika picha kubwa. Bendera tu haikutosha. Wakambandika Kapteni Majid.

Hebu itazameni hali ile vizuri. Watoto wa Samawah wanamjua Majid tangu wapate akili, ila hawajui kuwa ni Mjapani. Wajapani wanafika, hakuna anayewajua, wako katikati ya nchi yenye vita. Inabidi yule mtoto waliyemuuza miaka iliyopita kwa bei ya chini, akabadilishwa jina na lugha, ndiye sasa awatambulishe wao kwa wenyeji. Serikali yenye wizara ya mambo ya nje na mabalozi wasomi, imeomba udhamini kwa mtoto wa kuchora.

Kwangu hiki kisa kina uzito kuliko takwimu zote za mauzo ya anime.

Na kuna mwendelezo wake. Miaka ya 2010 mwanafunzi mmoja Msyria aliyekuwa akisoma Tokyo aliifasiri manga yenyewe (kile kibonzo cha vitabu) kwa Kiarabu, ikachapishwa na kampuni ya vitabu ya Kijapani, Kinokuniya, na nakala zikagawiwa kwa watoto wakimbizi wa Syria waliokuwa Ulaya na Uturuki. Mtoto amekimbia nyumbani hana kitu, anakabidhiwa kitabu, anamkuta mtu anayemfahamu.

---

Mzee wa Takwimu

Mkuu nakuheshimu ila hapa unatia chumvi. Humu kuna dhana inazunguka kwamba Wajapani hawakuwa na mpira mpaka katuni ilipokuja. Tuwekane sawa.

Olimpiki ya Mexico 1968 Japani walichukua medali ya shaba. Kunishige Kamamoto alikuwa mfungaji bora, mabao 7. Nyuma yao kulikuwa na Mjerumani Dettmar Cramer aliyewafundisha misingi. Yasuhiko Okudera alisajiliwa na 1. FC Köln mwaka 1977 na akabeba ubingwa wa Ujerumani msimu huohuo. Kazuyoshi Miura aliondoka kwenda Brazili mwaka 1982 akiwa na miaka 15, kibonzo chako kina mwaka mmoja tu sokoni. Nani alimwiga nani hapo?

Kilichobadili mpira wa Japani ni J.League, ligi yao ya kulipwa, 1993. Klabu 10, makampuni makubwa nyuma yake, viwanja, Mbrazili Zico kule klabu ya Kashima, mafunzo ya vijana. Ni mipango na fedha. Msije mkawadanganya vijana wetu kwamba tukichora vibonzo Taifa Stars itacheza Kombe la Dunia.

---

Kipa wa Akiba

Mzee wa Takwimu, nilikuwa nakusubiri.

Yote uliyoyataja ni kweli na sina ugomvi nayo. Sasa twende mbele hatua moja. Baada ya shaba ya 1968 nini kilifuata? Japani haikuingia tena Olimpiki kwa mpira wa miguu mpaka Atlanta 1996. Miaka 28! Wachezaji wa ligi ya zamani walikuwa waajiriwa wa makampuni, mchana kazini jioni mazoezini, majukwaa matupu. Medali ilikuwepo na Kamamoto alikuwepo, watoto wakaendelea kubeba rungu la besiboli.

Mtoto aliyekuwa na miaka 10 kibonzo kilipoanza 1981, J.League inafunguliwa ana miaka 22. Umri wa kucheza, na umri wa kununua tiketi. Ligi ile haikuanza kwa kubembeleza watu waje uwanjani, ilimkuta mtazamaji ameshaiva. Kiungo wao Hidetoshi Nakata alizaliwa 1977. Ile timu ya vijana iliyomfunga Brazili 1-0 Miami kwenye Olimpiki ya 1996 ni wa kizazi hichohicho. Miaka miwili baadaye Japani ikacheza Kombe la Dunia kwa mara ya kwanza, Ufaransa, ikafungwa mechi zote tatu. Haijakosa fainali hata moja tangu hapo. Qatar 2022 imewafunga Ujerumani na Hispania kundi moja, zote 2-1.

Fedha za makampuni zilijenga viwanja. Lakini kampuni haiwezi kumfanya mtoto alale na mpira kitandani.

Kuhusu Taifa Stars sijasema lolote, usinitafutie kesi.

---

Dada wa Buja

Habari zenu wote. Mimi ni wa Bujumbura, sasa niko Ubelgiji. Kwetu ilikuwa Olive et Tom, kwa Kifaransa, na kama alivyosema kaka wa Maskati, mimi nilijua ni watoto wa Ufaransa tu. Macho makubwa, nywele kila rangi, majina ya Kifaransa, ningejuaje?

Lakini mnazungumza kama vile wasichana hatukuwepo. Sisi tulikuwa na Jeanne et Serge, ya mpira wa wavu. Kijapani ni Attacker You!, ya 1984. Na ukifuata mzizi wa hizo za wavu utaona mambo yamekwenda kinyume na Tsubasa. Olimpiki ya Tokyo 1964 wanawake wa Japani walichukua dhahabu ya wavu, nchi nzima ikiwa mbele ya televisheni. Wengi wao walikuwa wafanyakazi wa kiwanda cha nguo, na kocha wao aliwafanyisha mazoezi mpaka usiku wa manane. Baada ya hapo ndipo ikaja manga ya Attack No. 1, mwaka 1968, halafu nyingine zikafuata.

Kwa hiyo kwa wanawake ushindi ulitangulia, mchoro ukafuata. Kwa wanaume mchoro ulitangulia, ushindi bado unatafutwa. Nasema tu.

---

Kipa wa Akiba

Dada, hiyo sentensi ya mwisho Mzee wa Takwimu ataiweka kwenye fremu.

Na ukiongeza kwamba wanawake wa Japani walishachukua Kombe la Dunia la mpira wa miguu, Ujerumani 2011, kwa kuwatoa Marekani kwa penalti, deni la wanaume linakuwa kubwa zaidi. Chama chao cha soka kilitangaza mwaka 2005 kwamba watakuwa mabingwa wa dunia ifikapo 2050. Wamejipa muda wa kutosha.

---

Msee wa Eastlands

Sasa hapa mnapiga sherehe lakini mimi nauliza swali la pesa. Hii mali yote iliuzwa bei ya jioni, majina yakafutwa, watu wa Ulaya wakajaza masaa ya TV. Nani alikula? Juu naskia wale wachoraji wa anime wanalipwa vibaya mpaka leo. Na hiyo serikali yao ilikuwa wapi?

Pili, wale mapacha wa Tachibana kwenye hiyo katuni. Mmoja analala chini, mwingine anakanyaga miguu yake anarushwa juu anapiga kichwa. Ref wa kwetu angetoa kadi ama angeita polisi?

---

Kipa wa Akiba

Kadi, mkuu. Na yule kipa Wakashimazu anayeruka kwa kukanyaga mwamba wa goli kama karateka, huyo tungemwacha tu.

Swali la pesa ni zuri. Anime nyingi leo zinagharamiwa na kamati: mchapishaji wa kibonzo, kituo cha televisheni, kampuni ya muziki, ya vinyago, wote wanachangia na wote wanagawana. Studio inayochora mara nyingi inalipwa ujira wake kama fundi, nyumba ikipanda thamani si yake. Katuni ikivuma dunia nzima, kijana aliyechora mguu wa Tsubasa ukiwa hewani haongezewi kitu. Sifa za utamaduni zinakwenda kwa taifa, usiku wa manane ofisini unabaki wake. Wanaoisifu anime kama ajabu ya nidhamu ya Kijapani wangeanzia hapa.

Serikali? Ilikuja ngoma imeshakolea. Mwaka 2002 mwandishi wa Marekani, Douglas McGray, aliandika makala kwamba Japani imepoa kiuchumi lakini mvuto wake duniani umepanda, na Tokyo wakaisoma kwa furaha kubwa. Mwaka 2008 wizara ya mambo ya nje ikamteua Doraemon, paka roboti, kuwa balozi wa anime. Mwaka 2013 ukaanzishwa mfuko wa fedha wa "Cool Japan", ambao umelaumiwa sana huko kwao kwa hasara. Kufunga Olimpiki ya Rio 2016, waziri mkuu Abe akaibuka uwanjani amevaa kama Mario wa michezo ya video. Kwenye video iliyotangulia, nani alikuwa anapiga mpira? Tsubasa.

Miaka 35 baada ya Jump kumchapa, sasa anapewa jina lake kamili hadharani. Na mimi nadhani kazi ngumu ilikuwa imeshakwisha, na ilifanywa na akina Oliver na Majid.

Tofauti na leo ni kubwa. Mtoto wa Dar anayevaa fulana ya mawingu mekundu anajua kwamba Naruto ni Mjapani, anajua rameni ni nini, anasoma maandishi chini ya picha kwa Kiingereza na sauti anataka ya Kijapani. Ukimbadilishia jina Luffy wa One Piece atakufuata mtandaoni. Sisi tulipewa Japani bila lebo, hawa wanaitaka lebo kwanza. Sijui kama inaingia moyoni kwa kina kilekile. Nina mashaka.

---

Mwana wa Maskati

Hapo kwenye lebo mie nakupinga kidogo, mkubwa wangu. Mwanangu anatazama za sasa kwa Kijapani na anajifundisha herufi zao mwenyewe, hakuna aliyemtuma. Mie Majid amenifundisha Kiarabu, yeye hao wanamfundisha Kijapani. Kimoyo ni kilekile, ila cha kwake kimejua kilikotoka.

---

Nyavu Ndogo

Mmenipa hamu. Anayeanza leo anaanzia wapi? Na hadithi imeshaisha au bado?

---

Kipa wa Akiba

Kibonzo cha kwanza, 1981 hadi 1988, ni vitabu 37. Ndicho cha kuanzia. Ukishindwa na michoro ya zamani kuna anime mpya ya 2018, episodi 52, inakimbia kidogo kuliko ile ya kwanza, uwanja nao wameupunguza.

Kuisha haijaisha. Tsubasa alikwenda Brazili, akafika Barcelona, Hyuga akaenda Juventus, hadithi ikazaa hadithi. Mwanzoni mwa 2024 Takahashi alitangaza kwamba anaacha kuichora kwa ajili ya majarida, afya na umri vimembana, na kwamba ataendelea kuitoa mtandaoni kwa michoro ya rasimu tu, penseli bila kupambwa. Angalau mwisho wa hadithi upatikane. Wakati huohuo anamiliki klabu ya kweli huko Katsushika, Nankatsu SC, yenye jina la timu ya Tsubasa, iko madaraja ya chini inatafuta njia ya kupanda. Ukishuka kituo cha treni cha Yotsugi kimepambwa kwa wahusika wake, na sanamu ya Tsubasa iko mtaani hapohapo.

Ukianza, vumilia mpaka fainali ya Nankatsu na Toho, timu ya Hyuga. Ni mechi ndefu mno, na baada ya vurugu zote hizo inaisha 4-4, timu zote mbili zinapewa ubingwa.

---

Nyavu Ndogo

Sasa mkuu si ungeniacha nione mwenyewe?